Marupurupu Yasiyoandikwa

MSHAHARA wa mkubwa hauna siri nyingi. Huandikwa katika mkataba, hukatwa kodi, na mwenye kutaka kuujua akihangaika kidogo ataupata. Chenye siri ni kile kinachoandamana nao: nyumba, gari na dereva wake, karo za watoto, safari za ndege, hata maua ya mezani. Kwa Kiswahili tumeyaita marupurupu, na jina lenyewe lina mzaha ndani yake, kana kwamba ni makombo yaliyodondoka kutoka kwenye sinia. Basi na tuyatazame makombo hayo, ndugu msomaji, tujue uzito wake.

Jack Welch aliiongoza kampuni ya General Electric ya Marekani kwa miaka 20, tangu 1981 hadi alipostaafu Septemba 2001. Alisifiwa duniani kote kuwa ni bingwa wa kubana matumizi, na maelfu ya wafanyakazi walipoteza ajira katika kubana huko. Mwaka 2002 ndoa yake ilivunjika, na katika kesi ya talaka mkewe aliwasilisha mahakamani hati zilizoorodhesha yale ambayo kampuni iliendelea kumpa mstaafu huyo. Ilikuwamo nyumba ya kifahari Manhattan, ndege aina ya Boeing 737, chakula, dobi, maua, magazeti, na viti vya mbele katika viwanja vya michezo na kwenye opera. Mtu mwenye utajiri wa mamia ya mamilioni ya dola alikuwa akinunuliwa gazeti la asubuhi kwa fedha za watu wengine!

Tume ya Marekani inayosimamia masoko ya hisa ilichunguza, na mwaka 2004 ikatoa uamuzi wake. Ilieleza kwamba katika mwaka wa kwanza tu wa kustaafu, Welch alipata huduma zenye thamani ya takriban dola milioni 2.5. Wanahisa waliambiwa nini juu ya hayo? Sentensi moja iliyofumbwa, kwamba mstaafu ataendelea maisha yake yote kutumia huduma za kampuni zinazolingana na alizokuwa akizitumia kazini. Ndege haikutajwa, wala nyumba haikutajwa. Mwenyewe, fedheha ilipoenea, aliyaacha mengi ya hayo na kukubali kulipia kwa mfuko wake yale aliyoendelea kuyatumia.

Hapa pana jambo linalopaswa kueleweka vizuri. Welch hakuvunja kasha usiku. Mkataba wake ulitiwa saini mwaka 1996, na bodi ya wakurugenzi iliuidhinisha. Tofauti na huyo ni Dennis Kozlowski wa kampuni ya Tyco, ambaye mwaka 2001 alimfanyia mkewe karamu ya siku ya kuzaliwa katika kisiwa cha Sardinia kwa zaidi ya dola milioni 2, takriban nusu yake ikilipwa na kampuni, na ambaye pazia la bafu katika nyumba yake ya New York lilinunuliwa kwa dola 6,000. Huyo alihukumiwa kwa wizi mwaka 2005 akaenda jela. Watu hupenda kuyasimulia ya Kozlowski kwa sababu yana kichekesho. Sisi tunaona ya Welch ndiyo ya kutisha zaidi, maana yeye alikuwa na karatasi zote mkononi, na bado wenye mali hawakujua.

Na wenye mali ni akina nani? Si matajiri peke yao. Hisa za makampuni makubwa ya Marekani hushikiliwa kwa wingi na mifuko ya pensheni ya walimu, wauguzi na askari wa zimamoto. Mkurugenzi ni msimamizi tu wa mali ambayo si yake. Sisi tunaoswali tunaijua hukumu ya msimamizi wa mali ya yatima: akiwa tajiri ajizuie, akiwa fakiri ale kwa kadiri ya wema, na siku ya kuikabidhi mali hiyo aweke mashahidi. Hakukatazwa kula kabisa. Lakini kula kuna mpaka, na makabidhiano yana macho yanayotazama.

Wapo wanaotetea, na utetezi wao haupaswi kudharauliwa. Husema kwamba muda wa mkuu wa kampuni ni ghali, na ndege inayomfikisha kazini mapema hujilipa yenyewe. Huenda. Lakini mwaka 2006 David Yermack, profesa wa New York University, alichapisha utafiti juu ya makampuni yaliyotangaza kwamba wakuu wao hutumia ndege za kampuni kwa safari zao binafsi. Aligundua kwamba faida ya wanahisa wa makampuni hayo ilibaki nyuma ya kipimo cha soko kwa zaidi ya asilimia 4 kwa mwaka. Gharama ya ndege peke yake haiwezi kuleta pengo kubwa hivyo. Mwaka huohuo 2006 ile tume ya hisa iliteremsha kiwango: marupurupu ya mkuu yakizidi jumla ya dola 10,000 ni lazima yatangazwe, badala ya dola 50,000 za awali.

Sheria hiyo haikuondoa ulevi wa anasa. Novemba 2008 wakuu wa General Motors, Ford na Chrysler walikwenda Washington kuomba mkopo wa dola bilioni 25 ili viwanda vyao visifilisike. Kila mmoja alitoka Detroit kwa ndege yake binafsi. Wabunge walipowauliza, walikosa jibu. Waliporudi Desemba, walikuja kwa magari.

Nchini Tanzania, mwaka 2016 Rais John Magufuli alitangaza kwamba mkuu wa shirika la umma asilipwe mshahara unaozidi shilingi milioni 15 kwa mwezi. Wengi tulishangilia. Hata hivyo, mshahara ukibanwa, mlango unaobaki wazi ni marupurupu, na mlango huo hauonekani katika hati ya mshahara. Jambo hili haliishii katika mashirika ya umma. Wapo miongoni mwetu wanaomiliki hisa chache za kampuni iliyo sokoni, na wengi zaidi ni wanachama wa vyama vya ushirika vya akiba na mikopo. Kila mwaka huitwa kwenye mkutano mkuu, hupewa soda na kitabu cha taarifa, kisha hunyoosha mikono kupitisha hesabu. Ndani ya kitabu hicho kuna mstari ulioandikwa gharama za uendeshaji. Mwanachama asimame, kabla mikono haijanyooshwa, aombe mstari huo ufafanuliwe: gari la nani, safari ipi, karo ya mtoto gani, na kikao kipi kiliidhinisha.