Miaka 15 ya Pumzi

Januari 2010, katika tamasha la Sundance nchini Marekani, ilionyeshwa filamu fupi ya Mkenya Wanuri Kahiu yenye jina la Kiswahili: Pumzi. Miaka 15 baadaye tunaiadhimisha kama hazina yetu sote.

Kahiu alikuwa bado mwanzoni mwa safari yake. Alikwisha kuongoza From a Whisper, kuhusu shambulio la bomu la 1998 jijini Nairobi, na angeweza kuendelea na njia hiyo. Badala yake akajaribu jambo ambalo wachache walilitarajia kutoka kwetu: hadithi ya kisayansi ya wakati ujao.

Katika Pumzi, ni miaka 35 baada ya Vita vya Maji. Watu wanaishi wamejifungia ndani ya jamii iitwayo Maitu, neno ambalo kwa Kikikuyu ni mama. Wahusika hawasemi kwa vinywa vyao. Ndoto huzimwa kwa vidonge. Hata mkojo na jasho husafishwa vikanywewa tena. Siku moja Asha, mtunzaji wa makumbusho, anapokea udongo usiojulikana umetoka kwa nani. Anausogeza puani, anaunusa, na papo hapo anaota mti. Anapanda mbegu kuukuu, inachipua. Wakubwa wanamkataza kutoka nje. Anatoroka na mche wake, anaupanda jangwani, anaumwagia maji yake ya mwisho, kisha anajilaza kando yake kuukinga na jua.

Yote hayo kwa dakika 20 hivi. Kazi haikuwa nyepesi: fedha zilitoka kwa wafadhili, Goethe-Institut wakiwamo, na picha zilipigwa Afrika Kusini. Lakini mlango ulifunguka. Mwaka 2018 Rafiki, ya mwongozaji huyohuyo, ikawa filamu ya kwanza ya Kenya kuchaguliwa rasmi katika tamasha la Cannes, ijapokuwa nyumbani ilipigwa marufuku.

Kisha uhaba wa maji ukatufikia kweli: tangu mwishoni mwa 2020 misimu mitano ya mvua ilipita mfululizo pasipo mvua ya kutosha, na mifugo ikafa kaskazini mwa Kenya. Pumzi ilikwisha kutuonya. Sasa ni wajibu wa serikali kuihifadhi kama inavyohifadhi nyaraka zake, na wa walimu kuifikisha madarasani. Waanzie Turkana na Marsabit, ambako mtoto anaujua uzito wa dumu la maji kabla hajajua kusoma.