Acheni Rushwa Inuke

Mwandishi mmoja wa safu ameandika kwamba kuiita nchi "inayonuka" ni lugha ya kijiweni, haimfai kiongozi. Eti tuseme "changamoto za uadilifu". Sisi wa Mwitongo, alikozikwa Mwalimu Nyerere mwaka 1999, hatukubali.

Mei Mosi 1995, jijini Mbeya, Mwalimu alisema waziwazi kuwa nchi inanuka rushwa. Tusi liko wapi hapo? Ndugu yangu na afike Mwigobero, Musoma, mvua ikiwa imewanyeshea dagaa walioanikwa mchangani: wamelegea, wanateleza, nzi wametanda, na mwenye mali keshaanza kutafuta mnunuzi wa chakula cha kuku. Awaite "dagaa wenye changamoto", aone nani atanunua kisado.

Mwaka 1996 Rais Mkapa aliunda tume ya kuchunguza rushwa chini ya Jaji Joseph Warioba, mwana wa Bunda, na ripoti ikatoka mwaka huohuo. Sidai neno moja ndilo lililozaa tume. Ila "changamoto" huzaa semina, tena zenye posho.

Safu ijayo, ndugu, tuandikie nani kala nini. Adabu ya maneno itasubiri.