Mutawali anayeogopa faili lake lifunguliwe



Ndugu zangu katika imani, kuna maneno yanazungushwa huku mitandaoni, na nyinyi wenyewe mnanitumia. Eti mzozo wa wakfu ukishaamuliwa na Kadhi, Muislamu anayeupeleka Mahakama Kuu ameiacha hukumu ya Allah na kukimbilia kwa taghuti. Nasema bila kuficha: maneno haya yanamfaa zaidi mutawali anayekula kodi ya maduka ya msikiti bila kutoa hesabu.

Fungua Surat al-Anbiyaa, aya ya 78 na 79. Kondoo wa watu waliingia usiku katika shamba la wengine. Dawud a.s. akahukumu, na Sulayman a.s. akaona hukumu nyingine. Allah anatueleza kuwa alimfahamisha Sulayman, na papo hapo anasema wote wawili aliwapa hekima na elimu. Dawud ni Mtume tena mfalme, na bado hukumu yake ilitazamwa upya wala heshima yake haikupungua. Kadhi wa mji wako ni nani hata faili lake lisiguswe?

Halafu jueni Mahakama Kuu inafanya nini hasa. Katiba ya Kenya ya 2010, kifungu cha 165(6) na (7), imeipa uwezo wa kusimamia mahakama za chini, ya Kadhi ikiwemo: kuitisha faili na kutoa maagizo ili haki itendeke. Usimamizi huu si rufaa. Jaji anauliza: mahakama ile ilikuwa na mamlaka? Pande zote zilisikizwa? Mtume s.a.w. alipomtuma Ali r.a. Yemen alimfundisha asihukumu mpaka amsikie wa pili kama alivyomsikia wa kwanza. Basi mutawali akiondolewa bila hata kuitwa, au akathibitishwa huku waumini wamefungiwa mlango, jaji anayeirudisha kesi hiyo ikasikizwe upya amefanya lile tulilofundishwa sisi, hata kama jina lake ni John.

Na kuna jambo mimbari nyingi zinalinyamazia. Kifungu cha 170(5) kimempa Kadhi mambo ya hadhi ya mtu, ndoa, talaka na mirathi, tena pale pande zote ni Waislamu na wamekubali kuhukumiwa naye. Wakfu haukutajwa. Unaona hatari yake? Mnakwenda kwa Kadhi, miaka inapita, mnapata amri mkononi, mnapiga takbir. Kisha mwenzenu anauliza swali moja tu la mamlaka, na amri yote inaanguka. Muda wote huo kodi inaliwa, na paa la madrasa linavuja. Aliyewaambia "msitoke kwa Kadhi" hayupo tena wa kuulizwa.

Woga wenu lakini siudharau. Mwaka 1894 mahakama ya juu ya dola ya Kiingereza, kule London, ilibatilisha wakfu wa familia uliotoka Bengal, kwa hoja kwamba kukiwekea wakfu kizazi chako si sadaka ya kweli. Subhanallah! Msimamo huo ukaja kutumika hata huku Afrika Mashariki. India ilibidi itungwe sheria mwaka 1913 kuurekebisha, na Kenya mwaka 1951. Wale walivaa joho la fiqhi wasiyoijua, na hilo tulikatae mpaka leo: jaji asiguse sharti la mwenye kuweka wakfu. Katika rufaa kutoka kwa Kadhi, sheria ya Kenya inataka Kadhi Mkuu au makadhi wawili wakae na jaji kumshauri. Tudai jambo hilohilo kila faili la wakfu linapoitishwa. Hayo ndiyo madai ya mtu mzima. Kupiga kelele za taghuti hakumrudishii yatima hata shilingi.

Umar r.a. alipoweka wakfu ardhi yake ya Khaybar, alisharutisha isiuzwe, isitolewe zawadi, isirithiwe, na msimamizi ale kwa wema bila kujilimbikizia. Sasa kamati yenu ikisema kuuliza hesabu ni fitina, ulizeni kwa adabu, mbele ya watu, baada ya swala ya Ijumaa: duka la kona mwezi uliopita limelipa kodi shilingi ngapi, na pesa hizo ziko akaunti gani?

Wallahu aalam.