Jukwaa Ndilo Lililomlea Max von Sydow

Tangu Max von Sydow alipofariki katika Ufaransa, mwezi wa Machi 2020, aghalabu kila aandikaye habari zake huanza na picha moja: shujaa wa Vita vya Msalaba ameketi ufukoni akicheza sataranji na Mauti. Picha hiyo imo katika Muhuri wa Saba, sinema ya Ingmar Bergman iliyotoka mwaka 1957. Ni picha nzuri, wala sina ugomvi nayo. Ugomvi wangu ni na hukumu inayofuatana nayo: kwamba Bergman alimwokota kijana mrefu asiyejulikana, akamweka mbele ya kamera, na kamera ikamfanya mchezaji. Hukumu hii hukaririwa hata na wasomi ambao iliwapasa kupeleleza kwanza.

Na tuzitazame tarehe. Von Sydow alizaliwa Lund, kusini mwa Uswidi, mwaka 1929. Toka 1948 hata 1951 alisoma katika chuo cha Jumba la Kifalme la Michezo, Stockholm, na mwaka 1949, angali mwanafunzi, alionekana katika sinema ya Alf Sjöberg, si ya Bergman. Kisha akaenda kucheza katika majukwaa ya miji midogo, Norrköping na Linköping, halafu Hälsingborg, ndipo mwaka 1955 akaingia katika jumba la michezo la Malmö. Alipolivaa joho la yule shujaa, katika kiangazi cha 1956, alikuwa amekwisha kufanya kazi hiyo miaka mitano. Je, huyo ndiye aliyeokotwa?

Bergman naye alikuwa mwongozaji katika jumba lile lile. Wakati wa baridi alitengeneza michezo ya jukwaani. Kiangazi kilipofika na milango ikafungwa, aliwachukua wachezaji wale wale akaenda kupiga sinema. Katika jukwaa la Malmö von Sydow alikuwa Peer Gynt wa Ibsen na Alceste wa Molière, yote mwaka 1957, na Faust wa Goethe mwaka 1958. Mwaka ule ule wa sataranji alionekana pia katika sinema nyingine ya Bergman, safari hii mwuza petroli wa dakika chache tu. Hiyo ni desturi ya watu wa jukwaani, ambao leo ni wafalme na kesho ni mabawabu, wala hawanung'uniki.

Wapinzani wangu watajibu kwamba michezo ile haionekani tena, na sinema zinaonekana. Ni kweli, na hapo ndipo kosa lao lilipo: wamekifanya kilichosalia kuwa ndicho pekee kilichokuwapo. Ajabu ni kwamba baba yake mchezaji huyu, Carl Wilhelm von Sydow, profesa wa Lund, aliwaonya wasomi juu ya jambo lililo karibu na hili. Alichunguza ngano, akafundisha kwamba ngano haitembei yenyewe. Huchukuliwa na watu wachache wenye ustadi wa kuisimulia, na wao wakiondoka huweza kukoma. Sisi tuliokwisha kuona nyimbo zikizikwa pamoja na manju wake hatuna udhuru wa kulisahau neno hili.

Liko shtaka la pili, kwamba alijipoteza Marekani. Sitatetea kila alichokicheza huko. Mengine yalikuwa ya kujipatia riziki tu. Walakini katika The Exorcist, mwaka 1973, alikuwa padre mzee, naye ana umri wa miaka 44. Rangi huzeesha uso. Mwendo wa magoti yaliyochoka lazima mchezaji autoe mwenyewe. Mtazame tena katika Pelle Mshindi, sinema ya Bille August ya mwaka 1987. Yeye ni Lasse, mjane fukara wa Kiswidi aliyehamia Denmark pamoja na mwanawe mdogo kutafuta kazi ya shamba. Hujigamba mbele ya mtoto kwamba atawakabili waonevu, na afikapo mbele ya wakubwa ujasiri wote humwishia, mabega yakaporomoka, na mtoto anaona. Hakuna mwenye kumcheka mzee yule, wala mwenye kumsamehe upesi. Kwa kazi hiyo alipendekezwa kupewa tuzo ya Oscar, asipewe.

Alipendekezwa mara ya pili kwa sinema ya Marekani ya mwaka 2011, naye ana miaka 82. Humo ni mzee asiyetamka hata neno moja. Katika kiganja kimoja ameandikwa ndiyo, na katika cha pili siyo, na mengine mengi huyasema kwa shingo, macho na pumzi. Atakayeniambia kuwa kamera ndiyo iliyomfundisha kunyamaza namna ile, na anionyeshe kwanza ni kamera gani iliyokuwa ikimtazama usiku kwa usiku kule Hälsingborg.