NDEGE YA KUJIFUNZIA NA HESHIMA YA TAIFA



Katika mkutano wa tawi letu hapa Madaba kijana mmoja aliuliza: "Hiyo kazi ya urubani ni ya watoto wa nani?" Wengine walicheka. Sisi hatukucheka, maana swali hilo lina historia yake.

Mwaka 1953 Waitaliano waliirusha kwa mara ya kwanza ndege ndogo iitwayo Piaggio P.149, yenye injini moja. Mwalimu na mwanafunzi huketi bega kwa bega. Mwanafunzi akikosea, mwalimu huishika ndege mara moja. Wajerumani wa Magharibi waliipenda, wakaiunda wenyewe katika kiwanda cha Focke-Wulf mjini Bremen, wafundishie marubani wa jeshi lao. Jeshi hilo lilipoziacha, nyingi zilinunuliwa na vilabu vya urubani na watu binafsi.

Ndege za aina hiyo ndizo Wajerumani hao walizotuletea, pamoja na walimu, baada ya jeshi letu jipya kuundwa mwaka 1964. Lakini mtoaji alikuwa na sharti lake: tusiitambue Ujerumani ya Mashariki. Zanzibar ilikwisha kuitambua kabla ya Muungano. Februari 1965 Serikali yetu ikairuhusu iwe na konseli kuu Dar es Salaam. Hapo hapo Bonn ikakata msaada wa kijeshi na kuwaondoa walimu wake. Mwalimu Nyerere hakupiga magoti. Aliwaambia wachukue na misaada mingine ya serikali yao. Kanada ndiyo iliyokuja kushika kazi ya kufundisha kikosi chetu cha anga.

Wako wanaosema kwamba tulijiumiza bure. Twakubali kuwa somo lilikatizwa, na hilo si jambo dogo. Lakini nchi inayochaguliwa marafiki kwa sababu ya ndege chache imejitawala kwa jina tu. Kosa halikuwa kukataa sharti. Upungufu wetu ulikuwa kwamba mwalimu alipoondoka, hatukuwa na wetu wa kuketi mahali pake.

Leo Chuo cha Taifa cha Usafirishaji, Dar es Salaam, kinajenga uwezo wa kufundisha marubani hapa hapa nchini. Je, Madaba tutampeleka nani? Urubani huanzia kwenye hesabu na fizikia. Tukiuza mahindi, fedha ya sherehe hupatikana upesi. Ya vifaa vya maabara husubiri mwaka ujao, na mwaka ujao tena. Huko nako ni kujinyima uhuru kwa mikono yetu wenyewe.

Basi kila tawi liulize: shule yetu ina mwalimu wa fizikia? Ina vifaa? Kama haina, tudai Serikalini, na sisi tutoe sehemu yetu.

Kijana yule tunamjibu: urubani ni kazi ya mtoto wa mkulima wa Madaba, tukimsomesha. Mtegemea cha nduguye hufa maskini.

Uhuru na Kazi!