Wimbo wa Asili Una Mtunzi

Imezuka tabia mbaya miongoni mwa watengenezaji wa sinema na vipindi vya televisheni, nayo ni kuchukua wimbo wa kijijini, kuusikizisha nyuma ya picha, kisha kuandika mwishoni: "muziki wa asili". Maneno hayo yana sura ya heshima, lakini kazi yake ni kumfuta mtu. Hakuna wimbo uliojitunga wenyewe.

Tutazame yaliyomfika Solomon Linda wa Afrika ya Kusini. Mwaka 1939, mjini Johannesburg, alirekodi wimbo wake "Mbube". Wimbo ukavuka bahari, ukabadilishwa maneno, ukatajirisha watu Marekani, na mwaka 1994 ukasikika katika sinema ya The Lion King. Linda alikwisha kufa maskini mwaka 1962. Warithi wake hawakupata suluhu ya malipo ila mwaka 2006, na hapo ni baada ya kwenda mahakamani.

Wako watakaosema kwamba ngoma ni mali ya kabila zima, na kumtaja mtu mmoja ni ubinafsi. Hoja hiyo ni dhaifu. Mashairi ya Muyaka bin Haji yalikaa vinywani mwa watu wa Mombasa miaka mingi kabla ya kukusanywa, wala hayakuitwa "ya asili"; yaliitwa ya Muyaka. Naye Hukwe Zawose hakupungua Ugogo wake jina lake lilipoandikwa juu ya santuri ya Assembly, mwaka 2002, sambamba na la Michael Brook, mtunzi wa muziki wa sinema kutoka Kanada. Jamii hutoa lugha na mapigo; utungo hutoka kwa mtunzi.

Basi na tuje Buha. Kamera ikifika Kasulu au Kibondo, ikanasa wimbo wa harusi na kuondoka bila kuuliza mtunzi, ni nani atakayemdai haki yake? Wahenga walisema mcheza kwao hutunzwa; lakini atatunzwaje asiyetajwa? Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 yamtambua mtunzi, ila haiwezi kumlinda mtu asiyejulikana.

Kwa hiyo, walimu na wanafunzi, kila shule haina budi kuwa na daftari la nyimbo: jina la mtunzi, kijiji chake, mwaka, na maneno yake kwa Kiha na kwa Kiswahili. Siku mtengenezaji wa sinema atakapouliza wimbo huu ni wa nani, ajibiwe kwa jina la mtu, si kwa jina la kabila.