Kijana, uliza bei ya pili kabla hujasaini

NDUGU msomaji, hasa wewe kijana uliyechoka kugongewa mlango na baba mwenye nyumba kila kodi inapokwisha, leo tunazungumza na wewe. Hatuzungumzi na waheshimiwa. Wao nyumba wanazo, na nyingine wamezipangisha.

Pita barabara kubwa za Dar es Salaam utayaona mabango. Kijana nadhifu amesimama na mkewe mbele ya geti jipya, funguo mkononi, meno yote nje. Chini yao kuna maneno matamu: miliki nyumba yako sasa, lipa kidogo kidogo kwa miaka 20. Kijiweni watu wanalitazama bango hilo na kupiga hesabu ya kidole. Mkopo wa sh. milioni 50, gawa kwa miezi 240, unapata laki mbili na ushee kwa mwezi. "Mbona ni kodi ya vyumba viwili tu hii?" anasema mmoja, na wenzake wanatikisa vichwa kukubali.

Hesabu hiyo ni changa la macho. Haina riba ndani yake, na riba ndiyo mwenye nyumba wa kweli.

Nyumba ya mkopo ina bei mbili. Bei ya kwanza ndiyo ile wanayokutajia. Bei ya pili ni jumla ya kila senti itakayotoka mfukoni mwako hadi siku unapokabidhiwa hati yako ikiwa huru. Bei ya pili haiandikwi kwenye bango. Kwa hiyo leo tunaiandika sisi.

Taarifa za Benki Kuu za miaka ya karibuni zimeonyesha kuwa riba ya mikopo ya nyumba hapa nchini huwa kati ya asilimia 15 na 19 kwa mwaka. Tuchukue katikati, asilimia 17. Kijana wa Tabata anakopa sh. milioni 50 kwa miaka 20. Rejesho lake la kila mwezi si laki mbili. Ni sh. 733,400. Zidisha kwa miezi 240 unapata sh. milioni 176. Yaani amekopa nyumba moja, amelipia tatu na nusu. Sh. milioni 126 zote ni riba.

Ngoja kwanza, usitupe gazeti. Hilo bado si baya kuliko yote.

Katika mwezi wa kwanza, riba peke yake ni sh. 708,333. Kwa hiyo katika zile sh. 733,400 alizopeleka, zinazopunguza deni ni kama sh. 25,000 tu. Mwezi wa pili mambo ni hayo hayo, na wa tatu hivyo hivyo. Riba hukokotolewa kwa deni lililobaki, na mwanzoni deni karibu lote limebaki. Ndiyo maana kijana huyu akilipa miaka mitano mfululizo bila kukosa hata mwezi mmoja, atakuwa ametoa sh. milioni 44, lakini akienda benki kuuliza anadaiwa ngapi ataambiwa: sh. milioni 47 na laki sita na nusu. Deni limepungua kwa sh. milioni mbili na ushee tu. Itamchukua zaidi ya miaka 16 kufika nusu ya deni. Mtoto aliyezaliwa siku ya kuhamia atakuwa sekondari, na baba bado hajafika katikati ya safari.

Wahenga walisema kukopa harusi, kulipa matanga. Hapa matanga yenyewe ni ya miaka ishirini.

Sasa tuulize swali ambalo vijana wengi hawaliulizi: je, kazi yako ina miaka 20? Wengi wenu mna mikataba ya mwaka mmoja, miwili, mkibahatika mitatu. Wengine hamna hata karatasi. Tuseme kijana wetu alinunua nyumba ya sh. milioni 60. Alitanguliza sh. milioni 10 za akiba yake na benki ikaongeza 50. Mwaka wa tano unapokwisha, kampuni inapunguza wafanyakazi, naye jina lake limo. Anashindwa kurejesha. Kwa sheria yetu ya ardhi, benki inampa notisi, na siku 60 zikipita bila deni kushughulikiwa, inaweza kuiuza nyumba bila kwenda kwanza mahakamani. Dalali anapiga kengele. Sheria inataka itafutwe bei nzuri, lakini mnada ni mnada. Tuseme imepata sh. milioni 50. Ondoa deni, ondoa malimbikizo, ondoa ujira wa dalali. Kijana anaondoka na begi la nguo.

Piga hesabu aliyoyatoa: 10 za mwanzo na 44 za marejesho, jumla sh. milioni 54 kwa miezi 60. Hiyo ni sh. 900,000 kwa mwezi. Alidhani ni mmiliki, kumbe alikuwa mpangaji wa bei mbaya kuliko mtaa mzima.

Kuna wazee watakaokuambia acha woga, wao walikopa zamani na deni likaisha lenyewe. Hawasemi uongo, ila hawakumalizii hadithi. Mwaka 1994 mfumuko wa bei nchini ulipita asilimia 30. Shilingi ilikuwa inayeyuka kama barafu juani, na deni la shilingi likayeyuka nayo. Siku hizi mfumuko wa bei ni asilimia 3 hivi. Ukikopa kwa asilimia 17, hakuna kitu kitakachokuyeyushia deni. Utalibeba likiwa zito vile vile.

Wala tusisahau kilichotokea zamani hizo. Benki ya Nyumba Tanzania, THB, iliyoanzishwa na Serikali katika miaka ya 1970 ili mfanyakazi apate pa kulala, ilizama kwa mikopo isiyolipwa ikafungwa mwaka 1995. Baada ya hapo mwananchi aliachwa ajijengee tofali kwa tofali. Mpaka mwaka 2008 ndipo ikapitishwa sheria mpya ya mikopo ya nyumba, na mwaka 2010 ikaundwa TMRC, kampuni ya kuyapatia mabenki fedha za muda mrefu kwa ajili ya mikopo hiyo. Matokeo yake? Sensa ya mwaka 2022 ilihesabu Watanzania zaidi ya milioni 61. Waliopata mikopo hii hawafiki elfu kumi. Huo si mpango wa nyumba wa taifa. Hiyo ni klabu.

Na tunajua kwa nini ni klabu. Kuanzia Julai 2025 kima cha chini cha mshahara serikalini ni sh. 500,000. Rejesho la kijana wetu ni sh. 733,400. Mshahara mzima hautoshi! Ukifuata ule utaratibu kwamba mfanyakazi asikatwe zaidi ya theluthi mbili, basi anayestahili mkopo huu ni mwenye mshahara usiopungua sh. milioni 1.1, na akishakatwa aishi kwa hicho kitheluthi kilichobaki. Nauli, unga, ada ya shule na mama kijijini vyote vinakisubiri hapo hapo.

Tusieleweke vibaya. Hatusemi mkopo ni haramu, wala hatusemi kupanga ni sifa. Mpangaji anayelipa sh. 300,000 kwa mwezi atatoa sh. milioni 72 kwa miaka 20 hata kama kodi haitapanda, nayo hupanda, na mwisho wake hana hata mlango. Mkopo ukilipwa hadi mwisho unakuachia nyumba. Tunachosema ni kwamba uingie macho yakiwa wazi. Na ukiwa umefumbua macho, zipo njia za kuipunguza bei ya pili.

Njia ya kwanza ni miaka. Wengi hukimbilia miaka mingi ili rejesho liwe dogo. Tazama hapa: mkopo ule ule wa sh. milioni 50, riba ile ile, ukiulipa kwa miaka 15 rejesho ni sh. 769,500. Umeongeza sh. 36,100 kwa mwezi, sawa na sh. 1,200 kwa siku. Lakini jumla inashuka kutoka sh. milioni 176 hadi 138 na nusu. Sh. 1,200 kwa siku imekuokolea sh. milioni 37! Wapo vijana wanaopoteza zaidi ya hiyo kila siku kwenye mkeka wa kubeti. Na ukiweza miaka 10, rejesho ni kama sh. 869,000 na jumla ni sh. milioni 104.

Njia ya pili ni kulipa ziada mapema. Ukipata bonasi au ukauza shamba katika mwaka wa kwanza, peleka benki. Rejesho moja tu la ziada la sh. 733,400, ukilitoa mara baada ya lile la kwanza, na benki ikaliingiza lote kwenye deni la msingi, linafuta marejesho kama 24 ya mwisho. Miaka miwili imeondoka kwa mkupuo mmoja. Ukingoja mpaka mwaka wa 18, ziada hiyo hiyo haitakusaidia kitu cha kutisha. Lakini uliza kabla ya kusaini kama kuna faini ya kulipa mapema, kwa sababu wapo wanaokutoza kwa kosa la kuwa mwaminifu kupita kiasi.

Njia ya tatu ni kujua riba yenyewe ni ya aina gani. Atakuja mtu akuambie, "Kwetu ni asilimia 10 tu." Muulize: asilimia 10 ya deni linalobaki, au ya mkopo wote wa mwanzo kila mwaka? Kama ni ya mkopo wote kwa miaka 10, utalipa riba ya sh. milioni 50 juu ya zile 50 ulizokopa. Ukiigeuza kuwa riba ya deni linalopungua, hiyo ni karibu asilimia 16. Amekuuzia asilimia 16 kwenye mfuko wa asilimia 10. Muulize pia kama riba inaweza kubadilika katikati ya safari. Ikipanda kutoka 17 hadi 19 mwanzoni mwa mkopo ule wa miaka 20, rejesho linafika sh. 810,000 na jumla inaongezeka kwa zaidi ya sh. milioni 18.

Kisha kuna panya wanaoguguna pembeni: ada ya mkopo, mthamini, mwanasheria, usajili wa rehani, bima ya maisha ya mkopaji, bima ya moto, kodi ya ardhi, na kodi ya jengo ambayo tangu mwaka 2021 inakatwa kwenye Luku. Zote ni za kwako. Waambie waziandike zote kwenye karatasi moja.

Na kama umeoa, usimfiche mama watoto. Nyumba ya familia haiwekwi rehani bila ridhaa ya mwenzi wako, ndivyo sheria ya ardhi inavyosema. Sheria hiyo haikuwekwa kukudhalilisha. Siku ya dalali, yeye na watoto ndio watakaokalia magodoro barabarani.

Sasa tugeukie wakubwa. Benki Kuu ilitoa kanuni za kumlinda mtumiaji wa huduma za fedha mwaka 2019, zinazomtaka mkopeshaji aweke wazi masharti na gharama. Vizuri. Lakini kijana wa kidato cha nne anayewekewa mbele mkataba mnene wa Kiingereza cha mawakili, na kuonyeshwa kwa kidole mahali pa kutia saini, amewekewa wazi kitu gani? Tunataka mambo matatu, wala si makubwa. Ukurasa wa kwanza wa kila mkataba wa mkopo wa nyumba uandikwe kwa Kiswahili, na juu kabisa, kwa herufi kubwa, iwepo jumla ya fedha zote atakazolipa mkopaji. Chini yake liwepo jedwali la deni litakalobaki kila mwisho wa mwaka. Na mkopaji apewe siku za kwenda nalo nyumbani, akalisome na mkewe, na rafiki yake anayejua hesabu, kabla ya kalamu kugusa karatasi.

La mwisho ni la Serikali yenyewe. Serikali inapokopa mabilioni kwenye mabenki haya haya kwa hati fungani, benki ina sababu gani ya kumpunguzia riba kijana wa Tabata? Anayekopesha Serikali analala usingizi. Nyie mnaotangaza nyumba za bei nafuu majukwaani, mtuambie unafuu huo ni wa bei ya kwanza au wa bei ya pili.

Wewe kijana, usiwasubiri. Kesho ukiingia ofisini kwao na kukaribishwa kiti na maji ya chupa, usiulize ni shilingi ngapi kwa mwezi. Uliza mawili: mpaka mwisho nitakuwa nimelipa ngapi, na nikikwama mwaka wa tano nitakuwa nadaiwa ngapi? Akijiumauma, inuka uende zako. Akikujibu kwa maandishi, ukapiga hesabu ukaona unaiweza, saini bila woga. Sisi tutakuja kula pilau la kuhamia.